Eleanor Holm: Bingwa wa kuogelea chali aliyepokonywa Olimpiki akiwa melini

Meli ya abiria SS Manhattan iliondoka bandari ya New York Julai 15, 1936 ikiwa na wanamichezo zaidi ya 300 wa Marekani, wote wakielekea Olimpiki ya Berlin. Ndani yake alikuwamo Jesse Owens, ambaye wiki chache baadaye angejulikana dunia nzima. Alikuwamo pia mwanamke wa miaka 22 ambaye Wamarekani walikuwa wamekwisha kumzoea kwenye kurasa za magazeti: Eleanor Holm, bingwa mtetezi wa mita 100 kuogelea chali. Meli ilipofika Hamburg siku tisa baadaye, wenzake walishuka wakiwa timu ya taifa. Yeye alishuka akiwa abiria tu, hana jezi wala nafasi ya kushindana.

Kisa chake husimuliwa zaidi kama kisa cha pombe. Pombe ilikuwamo, na sitaificha. Ila ukifuatilia maisha yake tangu mwanzo hadi mwisho, unaona kwamba ugomvi mkubwa ulikuwa juu ya jambo ambalo mfanyabiashara yeyote analielewa haraka: mtu akiwa na kipaji chenye thamani sokoni, nani ana haki ya kukiuza, na nani ana haki ya kumzuia.

Holm alizaliwa Brooklyn, New York, Desemba 6, 1913. Baba yake alikuwa ofisa wa zimamoto. Si familia ya matajiri, lakini haikuwa ya kulala njaa, na msimu wa joto ilikwenda Long Beach, pwani ya karibu na jiji, ambako binti alijifunza kuogelea baharini. Kutoka huko aliingia katika chama cha wanawake waogeleaji cha New York, kilichoanzishwa mwaka 1917 na Charlotte Epstein, mwanamke aliyekuwa karani wa mahakama.

Inafaa kusimama kidogo hapa, maana bila chama hicho pengine tusingekuwa na Holm wa kumwandika. Miaka ile mwanamke wa Kimarekani aliyetaka kuogelea kwa kasi alikuwa na shida kabla hajagusa maji. Mwaka 1919 mwogeleaji mmoja wa chama hicho, Ethelda Bleibtrey, alikamatwa katika ufukwe wa New York kwa kosa la kuvua soksi ndefu kabla ya kuogelea. Miguu yake ilionekana, basi. Mwaka uliofuata alishinda medali tatu za dhahabu katika Olimpiki ya Antwerp, mara ya kwanza Marekani kupeleka wanawake kuogelea. Epstein na kocha wa chama, Louis de Breda Handley, ambaye alifundisha kwa kujitolea, ndio waliosukuma mlango huo.

Kuogelea chali kwa wanawake kuliingizwa Olimpiki mwaka 1924 jijini Paris. Mshindi wa kwanza alikuwa Sybil Bauer wa Chicago, ambaye miaka miwili kabla, huko Bermuda, alikuwa ameogelea yadi 440 kwa muda mfupi kuliko rekodi ya wanaume. Bauer alifariki kwa saratani Januari 31, 1927 akiwa na miaka 23 tu. Mwaka huohuo Holm, akiwa na miaka 13, alichukua taji lake la kwanza la taifa.

Mtindo wa asiyeona anakokwenda

Kwa msomaji ambaye hajawahi kuutazama kwa makini, kuogelea chali ni mtindo wa ajabu kidogo. Mitindo mingine huanza kwa kuruka kutoka ukingoni. Huu huanzia ndani ya maji: mwogeleaji hushika ukingo kwa mikono, hukunja magoti na kukanyaga ukuta, kisha hujirusha kinyumenyume mlio unapolia. Baada ya hapo uso unatazama juu. Kupumua ni rahisi kuliko mitindo mingine, lakini macho hayaoni mbele. Siku hizi kuna kamba ya bendera ndogo inayotundikwa juu ya maji mita tano kabla ya ukuta, mwogeleaji akiiona anajua umebaki umbali gani. Wakati wa Holm mtu alitegemea hesabu ya mikono yake, na katika bwawa la wazi hakuwa na hata dari ya kumwongoza, ni anga tupu. Wakati wa kugeuza ilibidi kwanza auguse ukuta kwa mkono. Asiyeugusa alikuwa amekosea. Msomaji akumbuke jambo hilo la mkono na ukuta, maana litarudi.

Holm alikuwa na miaka 14 alipopelekwa Olimpiki ya Amsterdam mwaka 1928. Alimaliza wa tano. Dhahabu ilikwenda kwa mwenyeji, Marie Braun wa Uholanzi, aliyefundishwa na mama yake mzazi. Kwa msichana wa umri ule, nafasi ya tano duniani haikuwa jambo dogo, lakini alirudi nyumbani akiwa na nia ya kulimaliza deni. Kuanzia mwaka uliofuata hakuna Mmarekani aliyemshinda tena katika kuogelea chali, na hali ilibaki hivyo kwa takriban miaka saba.

Los Angeles, Agosti 1932. Alikuwa na miaka 18. Katika mchujo aliweka rekodi ya Olimpiki ya dakika 1 na sekunde 18.3. Katika fainali aliogelea polepole kidogo, dakika 1 na sekunde 19.4, bado akamwacha Bonnie Mealing wa Australia kwa karibu sekunde mbili. Braun alikuwa amesafiri kutoka Uholanzi kuja kutetea taji lake, lakini aliumwa na mdudu, sumu ikamwingia mwilini na akaishia hospitali. Kwa hiyo pambano ambalo mashabiki walilisubiri halikufanyika. Dhahabu ni dhahabu, na saa haidanganyi, ila mtu wa haki atalitaja hilo.

Kipaji kisichoruhusiwa kuuzwa

Los Angeles ndiyo Hollywood, na Hollywood ilikuwa na macho. Holm alikuwa mzuri wa sura, mchangamfu, asiyeogopa kamera. Kampuni ya filamu ya Warner Bros ilimpa mkataba wenye malipo ya mamia ya dola kwa wiki, katikati ya mdororo mkubwa wa uchumi ambapo mamilioni ya Wamarekani hawakuwa na kazi. Alijifunza kuigiza, akalipwa. Tatizo lilijitokeza pale kampuni ilipotaka aogelee mbele ya kamera. Hapo alikataa, na hatimaye akaachana na mkataba.

Kwa nini mtu akatae kulipwa kwa kazi anayoiweza kuliko wote? Kwa sababu ya sheria ya michezo ya ridhaa. Wakati ule Olimpiki ilikuwa ya watu wasiolipwa. Ukipokea hata malipo madogo kwa mchezo wako, jina lako linafutwa. Sheria hiyo ilipambwa kwa maneno mazuri juu ya usafi wa michezo, lakini asili yake ni Uingereza ya karne ya 19, ambako vyama vya mabwana, hasa vya kupiga makasia, viliwazuia mafundi na vibarua wasishindane nao. Mwenye shamba na urithi angeweza kufanya mazoezi mwaka mzima bila mshahara. Mtoto wa ofisa wa zimamoto angewezaje?

Sheria hiyo ilikuwa imekwisha kumuumiza mtu mkubwa. Jim Thorpe, Mmarekani wa asili aliyeshinda pentathlon na decathlon katika Olimpiki ya Stockholm mwaka 1912, alinyang'anywa medali zake mwaka uliofuata kwa sababu alikuwa amewahi kulipwa pesa kidogo kucheza besiboli. Katika mashindano yaleyale ya Stockholm alikuwamo Mmarekani mwingine aliyeshindana na Thorpe na kuachwa mbali. Jina lake Avery Brundage. Baadaye alitajirika Chicago kwa biashara ya ujenzi, akawa rais wa Kamati ya Olimpiki ya Marekani, na hakuna aliyeitetea sheria ya ridhaa kwa ukali kuliko yeye. Kwa tajiri wa majengo, ridhaa haikuwa na gharama.

Holm aliipata njia ya kupita. Mwaka 1933 aliolewa na Art Jarrett, mwimbaji na kiongozi wa bendi, akaanza kuimba katika bendi ya mumewe kwenye kumbi za usiku. Alipanda jukwaani akiwa amevaa vazi jeupe la kuogelea, kofia nyeupe ya mchunga ng'ombe na viatu vya visigino virefu. Watu walijaa. Kisheria alikuwa analipwa kwa sauti yake, si kwa kuogelea, kwa hiyo ridhaa yake ilibaki salama. Kila aliyekuwa ukumbini alijua vazi lile linatangaza nini, lakini karatasi zilikuwa safi. Wanaovusha bidhaa mipakani wanaijua tofauti hiyo kati ya mzigo wenyewe na maelezo yaliyoandikwa kwenye fomu.

Asubuhi mazoezi, usiku wimbo, baadaye kinywaji na sigara. Ndivyo alivyoishi kwa miaka mitatu, na hakuficha. Alipenda kutamba kwamba anafanya mazoezi kwa shampeni. Katikati ya maisha hayo aliendelea kuvunja rekodi. Julai 1936 alishinda tena mchujo wa taifa, akawa mwogeleaji wa kwanza mwanamke wa Marekani kuingia timu za Olimpiki tatu.

Siku tisa baharini

Ndani ya SS Manhattan kulikuwa na madaraja. Viongozi wa kamati na waandishi wa habari walikaa daraja la kwanza. Wanamichezo, ambao ndio waliokuwa sababu ya safari yenyewe, walikaa daraja la tatu. Holm aliomba aongeze pesa yake mwenyewe ahamie juu. Alikataliwa.

Lakini waandishi walimjua na kumpenda, maana kila alichofanya kilikuwa habari. Walimwalika kwenye sherehe za daraja la kwanza, naye akapanda. Siku za mwanzo za safari alionekana amelewa, akaonywa. Hakuacha. Alikunywa, alicheza kamari ya dadu, alikesha. Kwa upande wake aliona kwamba yeye ni mwanamke mzima, ameolewa, anafanya kazi za usiku, na anayajua maandalizi ya mwili wake kuliko mlezi yeyote wa timu. Aliona pia kwamba hakuwa peke yake aliyekuwa akinywa ndani ya meli ile.

Meli ilisimama Cherbourg, Ufaransa. Kulikuwa na sherehe nyingine, na Holm alikunywa hadi usiku. Alipokuwa akirudi alikutana na mlezi wa timu ya wanawake, ambaye alimwona hali yake na kumpeleka kulala. Daktari aliitwa chumbani. Alimkuta katika usingizi mzito, na ripoti yake ilitumia maneno ya kitabibu ya kumtaja kuwa amezidiwa na pombe. Asubuhi, meli ikikaribia Hamburg, alipewa uamuzi wa kamati: ameondolewa kwenye timu.

Alilia, aliomba, aliahidi hatagusa tena glasi. Wanamichezo zaidi ya 200 walisaini barua ya kumwombea msamaha, idadi ambayo ilikuwa zaidi ya nusu ya timu. Brundage hakutikisika.

Nimejaribu kuitazama hukumu hiyo kwa macho ya Brundage. Kanuni za timu zilikataza pombe na sigara wakati wa maandalizi, Holm alizijua, na alikuwa ameonywa. Kiongozi wa msafara wa mamia ya vijana hawezi kufumba macho kila bingwa anapofanya atakavyo. Hoja hiyo ina uzito. Uzito huo unapungua ukikumbuka kwamba kanuni ilimkuta mmoja tu, na kwamba sherehe alikolewea ziliandaliwa sitaha ileile walikolala waliomhukumu. Kulikuwa na njia ya kati pia: kumpa adhabu nyingine na kumwacha aogelee. Haikutumika.

Kulikuwa na jambo jingine zito. Miezi michache kabla, Marekani iligawanyika kama ipeleke timu Berlin au isusie, kwa sababu ya namna serikali ya Hitler ilivyowatendea Wayahudi. Brundage alipigania timu iende, akashinda kwa kura chache. Aliingia Ujerumani akiwa na haja kubwa ya kuonyesha timu yenye nidhamu, isiyo na doa. Kwenye michezo hiyohiyo wakimbiaji wawili Wayahudi wa Marekani, Marty Glickman na Sam Stoller, waliondolewa katika mbio za kupokezana siku ileile ya kukimbia, na hadi leo maelezo yaliyotolewa hayajawaridhisha wengi. Wiki hizohizo Brundage alichaguliwa kuwa mjumbe wa Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki, akichukua nafasi ya Mmarekani aliyefukuzwa kwa kupinga michezo ya Berlin. Mwaka 1952 akawa rais wa kamati hiyo na kukaa miaka 20.

Holm hakupanda meli ya kurudi. Shirika la habari la International News Service lilimpa kazi ya kuandikia michezo ileile aliyofukuzwa, na kadi ya mwandishi ikamfungulia milango yote ambayo jezi ingemfungulia na zaidi. Alikaribishwa kwenye karamu za wakubwa wa Ujerumani. Alisimulia baadaye kwamba Hermann Göring alimpa pambo la fedha lenye alama ya swastika, na kwamba aliporudi Marekani alitengenezesha nakala ya dhahabu na kuiwekea nyota ya Daudi ya almasi juu yake. Hilo tunalipokea kama alivyolisimulia mwenyewe. Kwamba alifurahia karamu zile bila kujiuliza sana wenyeji wake ni watu gani, hilo nalo lipo, na halimpi sifa.

Siku ya fainali alikaa jukwaani akatazama. Chini majini, Nida Senff wa Uholanzi, msichana wa miaka 16, alikuwa anaongoza alipofika ukuta wa kugeuzia, na mkono wake ukakosa kuugusa. Ilimbidi arudi nyuma, auguse, kisha aanze upya kuwafukuza waliompita. Akawakamata wote. Dakika 1 na sekunde 18.9. Wa pili alikuwa Mholanzi mwenzake, Rie Mastenbroek, mwanafunzi wa mama yake Marie Braun. Mmarekani, Alice Bridges, alikuwa wa tatu.

Mashabiki wa Marekani walipiga hesabu haraka: sekunde 18.9 ni polepole kuliko sekunde 18.3 za Holm miaka minne nyuma, kwa hiyo wameibiwa dhahabu. Hesabu hiyo ina tundu. Senff alipoteza muda mwingi kwa kurudi ukutani, na katika mchujo alikuwa ameogelea kwa dakika 1 na sekunde 16.6. Waholanzi walikuwa wamepanda sana mwaka ule. Huenda Holm angewashinda, huenda asingewashinda. Alichonyimwa ni nafasi ya kujua.

Sokoni kwa mlango wa mbele

Chama cha riadha cha Marekani kilimfungia kushindana. Kwa upande wa pesa, hapo ndipo neema ilipoanza. Mtu aliyekuwa akilinda ridhaa yake kwa miaka yote hakuwa tena na kitu cha kulinda, na kashfa ilikuwa imemfanya ajulikane kuliko medali ilivyowahi kumfanya.

Mfanyabiashara wa maonyesho Billy Rose aliliona hilo upesi. Mwaka 1937, kwenye maonyesho makubwa ya Cleveland kando ya Ziwa Erie, alianzisha tamasha la majini alilolipa jina Aquacade: muziki, ngoma, warukaji na mamia ya waogeleaji wakicheza kwa mpangilio. Nyota wake walikuwa Holm na Johnny Weissmuller, bingwa wa Olimpiki wa mwaka 1924 na 1928 ambaye alikuwa amekwisha kuwa Tarzan wa filamu. Mwaka 1939 tamasha lilihamia Maonyesho ya Dunia ya New York, katika uwanja wenye viti vya maelfu. Lilikuwa miongoni mwa vivutio vilivyoingiza watu wengi kuliko vyote katika maonyesho yale. Holm aliogelea mara kadhaa kwa siku, na kila mara alilipwa kwa kile alichokatazwa kukiuza.

Kati ya matamasha hayo alicheza filamu moja, Tarzan's Revenge ya mwaka 1938, pamoja na Glenn Morris aliyeshinda decathlon Berlin. Ni hadithi ya Afrika iliyopigwa California, na haikumfaa yeyote kati yao. Hakurudia.

Maisha ya nyumbani yalifuata biashara. Ndoa na Jarrett ilivunjika. Rose naye aliachana na mkewe, mchekeshaji maarufu Fanny Brice, na Novemba 1939 akamwoa Holm. Waliishi kitajiri Manhattan kwa zaidi ya miaka kumi, kisha wakagombana mahakamani mbele ya magazeti yote. Talaka ilitoka mwaka 1954, na Holm aliondoka na fungu lake. Kwa mwanamke wa enzi ile aliyekuwa nyota wa tamasha lililochangia kumtajirisha mumewe, mimi naona fungu hilo alikuwa amelitolea jasho, ingawa magazeti ya siku zile yaliandika kana kwamba amepewa zawadi.

Alihamia Miami, akafanya kazi ya kupamba nyumba za watu ndani, akaolewa mara ya tatu na mtu wa biashara ya mafuta. Mwaka 1966 Ukumbi wa Kimataifa wa Heshima wa Kuogelea, uliopo Fort Lauderdale, si mbali na kwake, uliandika jina lake. Waandishi waliendelea kumfuata kila Olimpiki ilipokaribia, naye hakuchoka kueleza mambo ya meli ile. Hakujuta sana, alikiri kwamba bila Brundage huenda angeshinda medali nyingine, akapongezwa wiki mbili na kusahaulika.

Brundage alistaafu mwaka 1972 na kufariki mwaka 1975, bado akiamini kwamba mwanamichezo anayelipwa si mwanamichezo. Miaka ya 1970 na 1980 kanuni ya ridhaa ilifunguliwa kidogo kidogo hadi ikatoweka. Familia ya Jim Thorpe ilikabidhiwa medali zake mwaka 1983, yeye akiwa amekufa miaka 30. Waogeleaji wa Marekani walianza kutangaza nguo, vyakula na saa wakiwa bado wanashindana, na hakuna aliyewafuta.

Holm aliishi hadi akayaona hayo. Alifariki Miami kwa ugonjwa wa figo Januari 31, 2004 akiwa na miaka 90, tarehe ileile ambayo Sybil Bauer alifariki miaka 77 kabla yake. Katika orodha ya Olimpiki ana mstari mmoja wa ushindi, Los Angeles 1932, mita 100 kuogelea chali.